Nyuki wasiouma ukutani: je, asali yao imeharibika, na kundi laweza kuhamishwa?

Mkulima wa Shinyalu aliuliza:

Ndugu zangu, hamjambo. Naomba ushauri wa watu wenye uzoefu na nyuki wasiouma, wale wadogo wanaojenga kwenye kuta na mashina ya miti, kwa sababu wafugaji ninaowafahamu hapa karibu wanajua nyuki wa mizinga ya kawaida tu.

Marehemu baba alituachia nyumba ya udongo ambayo sasa tunakusudia kuibomoa ili tujenge ya matofali. Katika ukuta wa upande wa jikoni wamo nyuki wa namna mbili. Wa kwanza ni wa rangi ya kahawia inayoelekea wekundu, wadogo kidogo kuliko inzi wa nyumbani. Wa pili ni weusi na wadogo mno, kiasi kwamba mgeni huwadhania ni visubi, nao hutokea katika vijibomba vyembamba vya nta vilivyochomoza ukutani sehemu tatu au nne. Wote wamekuwapo tangu tukiwa watoto na hawajawahi kumdhuru mtu.

Mvua za majuzi zilipoangusha kipande cha ukuta huo, vijungu vya asali vya wale wa kahawia vilipasuka, nasi tukakinga kilichochuruzika kikafika nusu ya chupa ya soda. Asali yenyewe ni nyepesi, ina uchachu, na baada ya siku chache ilianza kutoa mapovu hata kifuniko kikafyatuka. Nilimpelekea mfanyabiashara mmoja mjini Kakamega. Alichovya njiti ya kiberiti, akaikwaruza, haikuwaka, akaniambia mbele ya wateja wake kwamba nimetia maji. Hakuna aliyetia maji.

Basi nauliza mambo mawili. Je, asali hiyo imeharibika, au ndivyo ilivyo kwa asili yake? Na kwa kuwa fundi anataka kumwaga mafuta ya taa ukutani kabla ya kuanza kubomoa, je, inawezekana kuwahamisha nyuki hawa, na kuna faida yoyote ya kufanya hivyo?

Mrina wa Isecheno alijibu:

Ndugu yangu wa Shinyalu, kwanza mzuie fundi huyo. Kundi la nyuki wasiouma haliwezi kuhama kwa ghafla kama linavyofanya la nyuki wanaouma, ambao hukusanyika na kuruka pamoja na malkia wao wakienda kutafuta pango jipya. Malkia wa nyuki hawa akishaanza kutaga, tumbo lake huvimba hata asiweze kuruka tena, hivyo ukimwaga mafuta ya taa hutawafukuza, utawaua wote humo humo. Hata wanapozaana na kutaka kuanzisha kundi jipya, ni malkia kijana anayeondoka, huku vibarua, yaani nyuki wafanyakazi, wakisafiri kwa muda kati ya kiota cha mama na kile kipya wakibeba nta, ulimbo na chakula kidogo kidogo. Kwa hiyo ukuta uliokaliwa kwa miaka mingi ni mali, na ukiuvunja bila mpango huwezi kutumaini kwamba watarudi wenyewe.

Kwa maelezo yako, wale weusi wadogo bila shaka ni jamii ya Hypotrigona, ambao katika eneo letu hupenda mno kuta za udongo. Wale wa kahawia yaelekea ni Meliponula ferruginea. Katika vijiji vinavyouzunguka Msitu wa Kakamega tunao pia Meliponula bocandei, wakubwa zaidi na wenye asali nyingi kuwapita wenzao, na wapo wengine wanaoishi ardhini au ndani ya vichuguu vya mchwa. Nayasema haya kwa sababu watu huzungumza juu ya nyuki wasiouma kana kwamba ni aina moja, kisha mtu ananunua kisanduku cha Hypotrigona akitarajia madumu ya asali. Kundi la Hypotrigona litakupa asali ya kuonja tu. Wale wa kahawia, wakitunzwa vizuri, waweza kukupa kiasi cha kuuza, lakini usikilinganishe hata kidogo na mavuno ya mzinga wa kisasa wa nyuki wanaouma.

Kuhusu kuwahamisha, inawezekana, nami nitaeleza kwa urefu kwa sababu hapa ndipo makundi mengi hufia.

Tengeneza kisanduku cha mbao nene, angalau sentimita tatu, mbao kavu isiyopakwa dawa wala rangi kwa ndani. Kiwe na vyumba viwili vinavyowasiliana, kimoja cha watoto na kingine cha akiba, ili siku ya kurina usilazimike kugusa watoto. Chagua siku kavu yenye jua, uanze asubuhi nyuki wakishachangamka. Jifunge leso kichwani, maana hawa hawana mwiba unaofanya kazi lakini hung'ata, hujipenyeza kwenye nywele, masikio na pua, na huacha ulimbo unaonata.

Bomoa udongo taratibu kwa kisu, si kwa jembe, ukianzia mbali na mlango wao. Utakutana kwanza na vijungu vyenye umbo la yai. Vingine vina asali, vingine vina chavua. Ndani zaidi, ukifunua matabaka membamba ya nta iliyochanganywa na ulimbo, utaona watoto. Kwa hao wa kahawia seli za watoto, yaani vijumba wanamokulia, hupangwa katika sahani za mlalo zilizo moja juu ya nyingine. Kwa Hypotrigona hakuna sahani, seli zimeshikana katika vishada.

Sasa zingatia hili kuliko yote. Nyuki hawa hawamlishi mtoto siku baada ya siku. Kibarua hujaza seli chakula cha majimaji, malkia hutaga yai likasimama wima juu ya chakula hicho, kisha seli huzibwa na haifunguliwi tena mpaka nyuki mzima atoke. Ukigeuza sahani juu chini, yai au buu changa huzama ndani ya chakula chake na kufa. Basi kabla ya kuondoa kipande chochote, kitie alama upande wa juu, na ukiweke kisandukuni vivyo hivyo kilivyokuwa. Malkia utamtambua kwa tumbo lake lililovimba. Usimshike kwa vidole, mwache atembee juu ya kipande cha sahani umbebe nacho. Tafuta pia seli iliyo kubwa kuliko nyingine zote, mara nyingi ukingoni mwa sahani. Hiyo ni ya malkia mtarajiwa, na ndiyo bima yako ikiwa huyu wa sasa ataumia.

Vijungu vyote vilivyopasuka, vya asali na vya chavua, usiviingize kisandukuni. Ukiviingiza umewaalika siafu na wale vijinzi wenye mgongo uliopinda wanaokimbia kwa kushtuka-shtuka. Hutaga kwenye chavua iliyomwagika, na funza wao humaliza kundi dhaifu. Ziba kila ufa wa kisanduku kwa udongo au gundi ya karatasi, ubakize mlango mmoja tu, na kwenye mlango huo ubandike ile nta ya mlango wao wa zamani ili waunuse na kuutambua.

Fundi wa Maabara, Kisumu, alijibu:

Naomba nichangie upande wa asali, kwa kuwa ndio ninaoufahamu kutokana na kazi yangu ya kupima vyakula, na kwa kuwa jambo alilofanyiwa mwenzetu mjini Kakamega halikuwa la haki.

Jaribio la njiti ya kiberiti halipimi usafi wa asali. Linapima, kwa namna isiyo ya uhakika, unyevu ulioingia kwenye kichwa cha njiti. Ndivyo yalivyo majaribio mengine ya mitaani, kama vile kudondosha asali kwenye glasi ya maji au juu ya karatasi: yote yanapima uzito wa kimiminika. Mtu aliyechemsha sukari hadi ikawa nzito atafaulu majaribio yote hayo, na mkulima mwaminifu mwenye asali ya nyuki wasiouma atashindwa yote.

Sababu ni hii. Kiwango cha kimataifa cha Codex, ambacho kiliandikwa kwa kuzingatia asali ya nyuki wa kawaida, kinataka maji yasizidi asilimia 20. Asali ya nyuki wasiouma kwa kawaida huwa na maji kati ya asilimia 25 na 35, hata ikirinwa kwa uangalifu mkubwa. Huhifadhiwa katika vijungu vya nta na ulimbo badala ya masega, na huendelea kuchachuka kidogo humo ndani, jambo linaloipa uchachu wake na ile harufu ya utomvu ambayo wenye kuizoea huipenda kuliko utamu wenyewe. Asidi yake pia mara nyingi hupita kiwango kilichowekwa kwa asali ya kawaida. Kwa hiyo ukiipima kwa kipimo kisicho chake, itaonekana mbovu daima. Malaysia, ambako ufugaji wa nyuki hawa umekuwa biashara kubwa, waliliona tatizo hili wakatoa kiwango mahususi mwaka 2017, na kiwango hicho kinaruhusu asali mbichi yenye maji hadi asilimia 35.

Je, iliyo kwenye chupa yako imeharibika? Uchachu na wepesi peke yake si dalili ya kuharibika. Mapovu yaliyofyatua kifuniko ni suala tofauti: hiyo imeshaanza kuchachuka kwa nguvu, pengine kwa sababu ilichuruzika juu ya udongo na kuchanganyika na chavua na majimaji ya seli za watoto zilizopasuka. Mimi nisingeiuza. Wakati mwingine usikinge kinachomwagika. Fyonza asali ndani ya kijungu kimoja kimoja kwa bomba safi la sindano lisilo na sindano, ambalo halijatumika kwa dawa yoyote, uichuje kwa kitambaa kilichochemshwa, uitie kwenye chupa ya kioo iliyokauka kabisa na usiijaze hadi shingoni. Ikae kwenye jokofu. Asiye na jokofu aiuze upesi na aandike kwenye lebo kwamba ni asali ya nyuki wasiouma, kwamba ni nyepesi na chachu kwa asili, na tarehe iliporinwa. Lebo hiyo itakuokoa na wafanyabiashara wa njiti za kiberiti.

Mama Mboga wa Kondele alijibu:

Mimi huiuza, na ninapoona inaanza kutoa mapovu huichemsha ikawa nzito na wateja hawalalamiki. Wengi huinunua kwa ajili ya vidonda vya tumbo na kifua, na wapo wenye ugonjwa wa sukari walioambiwa kwamba hii haiwadhuru. Bei yake ni ya juu kuliko ile nyingine na bado haitoshi wateja.

Fundi wa Maabara, Kisumu, alijibu:

Mama yangu, kwa heshima, hapo pana mambo mawili yanayohitaji tahadhari.

La kuchemsha ni la biashara. Moto mkali huondoa harufu ambayo ndiyo mteja anailipia, na huzalisha kemikali ambazo maabara huzitumia kutambua asali iliyopashwa moto au kukaa mno. Wanaotaka kuipunguza maji kitaalamu hutumia joto dogo na hewa kavu kwa muda mrefu, si sufuria juu ya jiko.

La ugonjwa wa sukari ni zito zaidi. Nadhani madai hayo yametokana na matokeo yaliyotangazwa mwaka 2020 na watafiti wa Australia, waliogundua kwamba asali ya baadhi ya nyuki wasiouma ina kiasi kikubwa cha sukari iitwayo trehalulosi, ambayo humeng'enywa polepole kuliko sukari ya kawaida. Lakini sampuli zao zilitoka Australia, Malaysia na Brazili, si Kakamega wala Kisumu, na aina za nyuki si hizi zetu. Isitoshe, ndani yake zimo pia glukosi na fruktosi. Tafadhali usimwambie mgonjwa wa kisukari kwamba anaweza kuila bila hofu. Na asali yoyote, ya nyuki wenye mwiba au wasio nao, asipewe mtoto aliye chini ya mwaka mmoja, kwa sababu inaweza kubeba mbegu za bakteria wanaosababisha ugonjwa wa botulizimu, mbegu ambazo tumbo la mtoto mchanga haliwezi kukabiliana nazo. Wapo pia wanaoitia machoni. Hao waambie waache.

Mkulima wa Bahati, Nakuru, alijibu:

Nimefuatilia kwa hamu. Nina mabanda ya plastiki ya kilimo cha pilipili hoho na ningependa kununua makundi machache kutoka Kakamega. Je, yataweza kuishi huku kwetu?

Mrina wa Isecheno alijibu:

Ndugu wa Nakuru, wazo la hoho ni zuri. Utafiti uliofanyika hapa Kakamega na kuchapishwa mwaka 2014 ulionyesha kwamba Hypotrigona gribodoi, hao hao weusi wadogo wa ukutani, huboresha matunda ya pilipili hoho wanapozuru maua yake, na udogo wao ni faida katika banda, kwa kuwa hawahitaji eneo kubwa la kurukia kama nyuki wanaouma. Mkulima anayewafuga kwa ajili ya hoho hana haja ya kuhesabu asali kabisa.

Hata hivyo mimi siungi mkono kuwabeba kutoka huku hadi Nakuru. Sisi tuko kwenye mita kama 1,600, tuna mvua nyingi na msitu jirani wenye miti inayotoa ulimbo na maua karibu mwaka mzima. Nakuru iko juu zaidi, ni kavu zaidi, na asubuhi zake ni baridi. Nyuki hawa ni wadogo na hupoteza joto haraka. Asubuhi ya baridi hawatoki, na kundi lisilotoka hula akiba yake hadi iishe. Tafuteni kwanza waliopo kwenye kuta, mashina na vichuguu vya kwenu, na muwaulize wazee wa Kiogiek wa upande wa Mau, ambao wamekuwa wakirina asali kwa vizazi vingi. Kundi lililozaliwa katika hali ya hewa yenu litawafaa kuliko la kununua.

Na kwa wote wanaosoma: makundi yatoke kwenye kuta zinazobomolewa, kwenye miti iliyoanguka, au kwa kugawanya kundi lenye nguvu. Siku hizi wapo vijana wanaoingia msituni kwa shoka, wanaangusha mti wa miaka mingi ili wachukue kiota kimoja ambacho mara nyingi hufa njiani. Hilo ni kosa chini ya Sheria ya Kenya ya Uhifadhi na Usimamizi wa Misitu ya mwaka 2016, na anayenunua kutoka kwao anawapa sababu ya kurudi. Upande wetu wa Isecheno msitu unasimamiwa na Shirika la Huduma za Misitu, na ule wa Buyangu na Shirika la Huduma kwa Wanyamapori. Mtu mwenye shughuli halali aanzie kwenye chama cha jamii cha msitu.

Mkulima wa Shinyalu aliuliza tena:

Nawashukuru sana. Nimemsimamisha fundi. Nina maswali mawili ya mwisho. Kisanduku nitakiweka upande wa pili wa boma, yapata hatua hamsini kutoka ukutani. Je, nyuki waliokuwa malishoni hawatarudi ukutani na kupotea? Na hao Hypotrigona, nao ni lazima niwafunue kwa kisu?

Mrina wa Isecheno alijibu:

Watarudi ukutani, ndiyo. Kwa hiyo usikipeleke upande wa pili wa boma siku hiyo. Ukimaliza kuwahamisha, weka kisanduku pale pale ukutani, mlango wake ukiwa mahali ulipokuwa mlango wa zamani. Waliokuwa malishoni watazunguka kwa muda, kisha watanusa nta yao na kuingia. Acha hivyo hadi giza liingie na wote wawe ndani, uzibe mlango kwa wavu mwembamba unaopitisha hewa, na usiku huo ukipeleke kwa jamaa au jirani aliye mbali, walau kilomita chache, ambako hawatatambua njia ya kurudi. Ukikisogeza hatua hamsini tu, kesho yake vibarua watarudi walikozoea na kundi litabaki na nyuki wachanga wasioweza kutafuta chakula. Baada ya wiki kadhaa, nyumba ikiwa imeanza kusimama, waweza kukirudisha usiku na kukiweka popote utakapo, mradi pawe na kivuli cha mchana na pasipige mvua. Miguu ya meza yake itie kwenye makopo yenye oili chafu ili siafu wasipande.

Hypotrigona usiwafunue. Viota vyao ni vidogo na vyembamba, na kisu kitawamaliza. Mwambie fundi akate kipande chote cha udongo kinachozunguka kila kijibomba, upana wa kama shubiri mbili kila upande, kitoke kikiwa kizima pamoja na fito zake. Kifunge kwa gunia lenye unyevu kidogo kisipasuke, kihamishwe usiku kwa utaratibu ule ule, upande wa juu ubaki juu, kisha kiwekwe kwenye rafu chini ya mabati ya ghala.

Kwa kisanduku cha wale wa kahawia, usikifungue mapema kwa kutaka kujua kinachoendelea. Kaa pembeni ya mlango asubuhi yenye jua. Ukiona walinzi wamesimama mlangoni, vibarua wanaingia na vitonge vya chavua miguuni, na wengine wanatoka wakidondosha takataka, malkia yumo na anataga. Ukiona wanatoka na takataka tu bila chavua kuingia kwa siku mfululizo, niandikie hapa, maana huenda wakahitaji kupewa sahani yenye seli ya malkia kutoka kundi jingine, nami ninayo makundi ya aina hiyo.